Uzi: Jiwe linalochelewesha muda limepatikana Mahenge (hadithi ya kubuni). Nisaidieni kuliwekea masharti

Kibwagizo (mtoa mada)

Wakuu, habari za jioni. Kabla uzi huu haujahamishiwa jukwaa la waganga, niseme mapema: madini haya hayapo. Nimeyabuni mwenyewe nikiwa Sinza, hakuna wa kuuza wala wa kununua. Naandika hadithi ndefu na nimekwama kwenye tabia ya jiwe lenyewe.

Kisa ni hiki. Wachimbaji wadogo kule Mahenge, Ulanga, upande wanakochimba vito vya spineli, wanakutana na mkanda wa jiwe la kahawia ambalo hakuna anayelijua. Ukiwa karibu nalo, muda wako unakwenda polepole. Wewe ndani ya duara (shimo la machimbo) huoni tofauti yoyote: unagonga, unakula, unasinzia kidogo. Ukipanda juu, wenzako wanakwambia umepotea mchana kutwa, na wewe una hakika ulikaa nusu ya hapo. Jiwe nimeliita kawia. Linashuka Dar kwa basi, ndani ya ndoo ya mchele, na kuanzia hapo hadithi yote ni ya mjini: Kariakoo, Posta, Mbezi, Feri.

Uchawi sitaki. Ukishauruhusu, hadithi inaisha ukurasa wa pili, maana kila shida itapelekwa kwa mganga. Nataka jiwe lenye masharti, anayelitumia limlipishe. Kwa kuanzia nimeamua kwamba mita moja kulizunguka, muda unakwenda nusu. Saa 2 za nje ni saa 1 ya ndani.

Swali langu: kwa mtu wa Dar lina faida gani, na nani atalitaka kwanza? Tiririkeni, msinionee huruma.

Siti ya Mbele

Nimewahi siti. Ngoja waje wenye fizikia yao.

Mama Kodi

Mwanangu, umeanza kwa kumfikiria mtu asiyekuwepo. Nani Dar anataka muda wake uende polepole? Mpangaji akilala na jiwe hilo chumbani, kodi ya miezi 6 aliyolipa kwake inakuwa ya miezi 3. Mkopo wa kausha damu wa wiki moja unamfikia baada ya siku tatu na nusu. Mshahara nao utakuja haraka, sawa, lakini kazini watakuwa wamemfukuza, maana kila akifika ni saa 6 mchana.

Wanaolitaka ni wenye nyumba na wakopeshaji. Unalisukuma uvunguni kwa mdaiwa wako bila yeye kujua, unakaa kusubiri.

Kibwagizo

Mama, hapo umenipa mtu mbaya wa hadithi kabla sijamtafuta. Nilikuwa namfikiria tajiri wa Masaki anayetaka kuishi miaka 150. Huyu wa uvunguni ni mtamu zaidi.

Fundi Saa Msimbazi

Mimi ni fundi saa. Kabla hatujafika Mahenge, jiwe linalochelewesha saa mnalo mkononi. Fungua saa yoyote ya betri, pembeni ya koili utaona kidude cha rangi ya fedha, chembamba kuliko punje ya mchele, kina miguu miwili iliyolehemiwa. Ndani kuna kipande cha jiwe la kwatzi (quartz) kilichokatwa umbo la uma wenye meno mawili. Umeme ukikipitia kinatetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Chipu inagawa hesabu hiyo kwa mbili mara 15, unabaki mpigo mmoja, ndiyo tiki unayoisikia.

Sasa, kwatzi hiyo imerekebishwa kwa joto la nyuzi 25 hivi. Ukizidisha au ukipunguza, inachelewa. Saa ikishinda kwenye dashibodi jua la Januari, ikafika nyuzi 65, inapoteza karibu sekunde 5 kwa siku. Mteja anakuja juu kwamba nimemuuzia betri mbovu.

Kwa hiyo wachimbaji wako wakianza kutoka duarani na saa zilizobaki nyuma, wa kwanza kulaumiwa atakuwa fundi aliyewabadilishia betri. Niwekee huyo fundi. Apigwe kidogo, halafu baadaye aonekane alikuwa sahihi.

Chaki Nyeupe

Nimefundisha fizikia sekondari kwa muda mrefu, niruhusuni nichafue hadithi.

Muda kwenda kwa kasi tofauti mahali tofauti si hadithi. Einstein alilionyesha kwenye nadharia yake ya mwaka 1915: kadiri unavyokuwa chini, karibu na kitu kizito, ndivyo saa yako inavyokwenda taratibu. Oktoba 1971 wanasayansi wawili, Hafele na Keating, walipanda ndege za abiria na saa za atomiki, wakazunguka dunia kuelekea mashariki, kisha magharibi. Waliporudi saa hazikulingana na zilizobaki nyumbani: safari ya mashariki zilipoteza takriban nanosekunde 59, ya magharibi zikapata 273. Nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde.

Simu inayomleta bodaboda mlangoni kwako inategemea hesabu hizo. Saa za setilaiti za GPS zinakwenda mbele ya zetu kwa mikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 kila siku. Zisiporekebishwa, kwa siku moja tu kosa la mahali linafika kilomita 10. Umeagiza boda aje Mwenge, ramani inakuweka Mbezi Beach.

Siti ya Mbele

Mwalimu shikamoo. Kwa hiyo Dodoma iliyo juu na Dar iliyo pwani, saa haziendi sawa?

Chaki Nyeupe

Marahaba. Haziendi sawa. Dodoma ipo takriban mita 1,100 juu ya usawa wa bahari. Saa ya kule inaitangulia ya Dar kwa nanosekunde 10 hivi kila siku. Ukihamia leo ukakaa miaka 50, utakuwa umezeeka zaidi ya pacha wako aliyebaki Kigamboni kwa kama sehemu moja ya elfu tano ya sekunde. Uhuru Peak, mita 5,895, ni nanosekunde 55 kwa siku.

Mama Kodi

Watumishi waliohamishiwa Dodoma wadai posho ya uzee.

Chaki Nyeupe

😂 Tuendelee. Kibwagizo, shida yako ipo kwenye hiyo "nusu". Ukichelewesha muda mahali, mwanga na joto vinavyoingia kutoka nje vinakujia kwa kasi iliyozidi. Wewe umepunguzwa mwendo, dunia haijapunguzwa. Muda ukienda nusu, mwanga wowote unaoingia unakuwa na mitetemo maradufu, na hali ya joto ya vitu vilivyokuzunguka nayo, kwa kipimo cha Kelvini (nyuzi zetu ukiongeza 273), unaiona maradufu. Chumba cha Dar kikiwa na nyuzi 27, hizo ni Kelvini 300. Aliyekaa ndani ya mita yako anazungukwa na joto la Kelvini 600, yaani nyuzi 327. Hiyo ndiyo nyuzi ambayo risasi inayeyuka.

Mchimbaji wako hatoki na saa iliyochelewa. Hatoki.

Siti ya Mbele

Hadithi imekufa saa 2 usiku.

Mtu wa Duara

Haijafa. Nimekaa Merelani, kwenye machimbo ya Tanzanite, enzi za ujana, ngoja niongee kama mwanaapolo (mchimbaji) mstaafu.

Mwalimu ametupa zawadi bila kujua. Punguza dozi. Usiseme nusu, sema asilimia 1. Mwalimu, asilimia 1 joto linakuwaje?

Chaki Nyeupe

Kelvini 300 inakuwa 303. Nyuzi 3 tu. Saa iliyowekwa pembeni ya jiwe inabaki nyuma dakika 14 na kidogo kila siku.

Mtu wa Duara

Basi hapo ndipo jiwe linapojulikana. Mchimbaji hana saa ya atomiki, ana kiganja. Ndani ya duara unapapasa ukuta gizani, jiwe lote ni la joto moja, halafu mkono unafika mahali pana uvuguvugu usio na sababu. Utarudi hapohapo kesho. Utamficha mwenzako. Utaweka alama ambayo mtu mwingine ataiona ni ufa.

Na kule juu dalali naye atanunua kwa kiganja. Tanzanite ghafi nyingi inatoka ya kahawia, haina mvuto, ndiyo maana inachomwa nyuzi mia tano na zaidi mpaka ikolee bluu. Kwa hiyo kawia yako ya kahawia itapita mikononi mwa watu wanaodhani ni tanzanite iliyokosa bahati, wataichoma. Andika hiyo, inatokea tu.

Halafu matapeli. Watu wa Dar wameuziwa mercury nyekundu ambayo haipo duniani, wamechimba sakafu za nyumba za watu kutafuta mali ya Mjerumani, wamenunua redio za zamani kwa bei ya kiwanja. Unadhani itakuwaje mjini pakisemwa kuna jiwe la uvuguvugu? Siku ya pili Kariakoo kokoto zote zinapashwa kwenye jiko la mkaa, zinafungwa kwenye khanga, mteja anapewa ashike.

Kibwagizo

Mkuu wa Duara umetisha. Lakini dalali mzoefu anatofautishaje? Jiko linapoa, atasubiri tu?

Mtu wa Duara

Mwuzaji hakupi nafasi ya kusubiri. "Kuna Mhindi anakuja saa 10, amua."

Chaki Nyeupe

Fizikia inampa dalali njia, na ni nzuri. Ule mwanga wa joto unapotoka kwenye jiwe kuja nje unapungua nguvu kwa kiasi kilekile ulichozidi wakati wa kuingia. Kwa hiyo chukua kile kipimajoto cha kuelekezea watu kwenye paji la uso, vilivyojaa wakati wa Uviko. Ukikisimamisha mbali na jiwe la kweli kitasoma 27, sawa na meza lilipowekwa. Kipimajoto cha kugusisha kitasoma 30. Kokoto ya jikoni itasoma joto moja kwa vyote viwili.

Jiwe la kweli ni lile ambalo vipimo viwili vinakataa kukubaliana.

Kibwagizo

Naomba nikae chini kwanza. Hii nimeichukua, sura ya nne nzima inajengwa juu yake.

Msongo Mkubwa

Samahani nimechelewa, nilikuwa zamu. Nafanya kazi za umeme na nimeona kitu ambacho mwalimu amekipita kimya, sijui ni huruma.

Asilimia 1 inaonekana ndogo. Lakini kitu kikiwa mahali ambapo muda unakwenda asilimia 1 taratibu, kwa hesabu ya mtu wa nje kitu hicho kimepungukiwa asilimia 1 ya nishati yake yote. Nishati yote, ile ya uzito mara kasi ya mwanga mara kasi ya mwanga. Kukitoa nje lazima ukirudishie.

Tupige hesabu. Gramu 1 ya kitu chochote ni uniti za umeme milioni 25. Asilimia 1 yake ni uniti 250,000. Bwawa la Nyerere, mashine zote 9 zikizunguka, ni megawati 2,115. Utahitaji bwawa zima kwa dakika 7 kutoa gramu moja. Mtu wa kilo 70? Siku 345. Nchi nzima gizani karibu mwaka, kumtoa mtu mmoja pembeni ya jiwe. Na yeye kwa mwaka mzima aliokaa humo ameokoa siku 3.65.

Kuingia ndiyo kubaya zaidi. Nishati ileile inatoka pale anapoingia. Ni kama mabomu 1,000 ya Hiroshima. Mahenge haipo, Ulanga haipo.

Siti ya Mbele

Hadithi imekufa mara ya pili.

Mama Kodi

Kijana wa umeme, wewe hukati umeme tu, unakata na tamaa.

Kibwagizo

Nishushe basi mpaka wapi? Sehemu moja ya bilioni?

Chaki Nyeupe

Ukishuka mno unafika Dodoma. Dodoma ni sehemu moja tu katika trilioni kumi hivi, na hakuna anayeandika hadithi kuhusu nanosekunde 10. Jiwe la namna hiyo wangelitaka watu wa maabara za saa peke yao. Na wao muda wao unatoka kwenye madini ya kweli tayari. Sekunde rasmi ya dunia, tangu 1967, ni mitetemo 9,192,631,770 ya mwanga wa atomi ya siziamu, na siziamu inapatikana kwenye jiwe linaloitwa polusaiti. Linachimbwa sehemu chache mno. Mojawapo ni Bikita, Zimbabwe. Mwaka huohuo 1967 ndipo Tanzanite ilipojulikana Merelani, na ndio mwaka wa Azimio la Arusha. Sina la kufanya na sadfa hiyo, mwandishi ataamua.

Msongo ana haki, sikusema kwa makusudi. Lakini naona mlango. Nishati inayotoka mtu anapoingia si lazima ilipuke. Ni hadithi, una ruhusa ya kuomba kitu kimoja. Omba hiki: jiwe linaimeza. Anayeingia, nishati yake inaingia jiweni. Anayetoka, jiwe linamrudishia. Hesabu inafunga na Msongo hana la kusema.

Msongo Mkubwa

Inafunga. Lakini ikimezwa lazima ionekane, na nishati ikikaa kwenye kitu inaonekana kama uzito. Mtu wa kilo 70 akiingia kwenye mita ya jiwe, jiwe linaongezeka asilimia 1 ya uzito wake. Gramu 700. Akitoka, linapungua gramu 700.

Kitu kingine cha haraka: simu ndani ya mita hiyo haishiki. Mnara unarusha kwenye megahezi 900, simu ya ndani inausikia uko 909. Hakuna M-Pesa humo, ni keshi.

Mtu wa Duara

Rudia hapo kwenye gramu 700.

Msongo Mkubwa

Mtu akikaa karibu na jiwe, jiwe linakuwa zito zaidi kwa gramu 700. Akiondoka linarudi.

Mtu wa Duara

Wakuu, hadithi ndiyo imeanza.

Mawe yanauzwa kwa uzito. Mwaka 2020 mchimbaji Laizer aliposhusha vipande viwili vya Tanzanite, kikubwa kikipita kilo 9, akalipwa shilingi bilioni 7.74, nchi nzima ilikuwa inazungumzia kilo. Sasa wewe una kipande cha kawia, gramu 300. Unakipeleka sokoni. Tangu 2019 kuna masoko ya madini, kuna mzani umekaguliwa, kuna ofisa, kuna fomu. Huwezi kuchezea mzani. Lakini chini ya meza amelala mtu wako, kilo 70, amejikunja, hajagusa chochote. Jiwe linasoma kilo moja.

Ofisa ataangalia mzani mara mbili. Ataleta jiwe la kupimia, mzani upo sawa. Ataandika kilo moja. Serikali itachukua mrabaha wake asilimia 6 na ada ya ukaguzi asilimia 1 kwenye uzito hewa, na stakabadhi itatoka halali kabisa.

Mama Kodi

Tulikuwa na wafanyakazi hewa, sasa na uzito hewa.

Chaki Nyeupe

Lazima nipinge kidogo. Ofisa mwenyewe akisimama karibu ya mita moja, uzito wake nao unaingia. Na mnunuzi. Kila anayesogea mezani, namba inapanda. Wakirudi nyuma, inashuka.

Mtu wa Duara

Ndiyo raha yake mwalimu. Kila mtu atamtuhumu aliyesogea. Jiwe linaloongezeka mnunuzi akilikaribia! Sokoni watasema limempenda.

Kibwagizo

Nauliza kitu cha kijinga. Mnunuzi akilichukua kwenye gari kwenda Posta, yule wa chini ya meza anabaki Kariakoo. Ina maana ametoka nje ya mita.

Msongo Mkubwa

Ndiyo. Gari likiondoka, jiwe linamrudishia chake. Linafika Posta limepungua gramu 700. Ukitoa waliomo garini.

Kibwagizo

Na stakabadhi inasema kilo moja.

Mtu wa Duara

Mnunuzi hawezi kurudi sokoni kulalamika, karatasi ipo, sahihi yake ipo. Jiwe halijakatwa, halina kovu. Lilipimwa mbele yake, likafungwa mbele yake, kati ya hapo na Posta kulikuwa na watu wawili garini: yeye na dereva. Unajua atakayeshikwa.

Kibwagizo

Sikuwa na dereva kwenye hadithi. Bajaji au teksi?

Mtu wa Duara

Jiwe la bei hiyo halipandi bajaji, haina hata mlango. Weka gari la mnunuzi mwenyewe, na dereva wake wa miaka mingi, aliyewapeleka watoto wake shule. Dereva amkatalie mnunuzi kumpekua, halafu akubali. Na wakati anapekuliwa amesimama karibu na jiwe, mzani wa ofisini unasoma zaidi kidogo ya ulivyosoma dakika tano nyuma, na hakuna aliyeutazama.